Siku moja maishani mwangu: naosha vyombo vya mbwa

Saa kumi na mbili asubuhi nimeshavaa gambuti, aproni na glavu za mpira. Nafanya usafi katika kituo ambacho watu huacha mbwa wao wanaposafiri. Naosha mabakuli, matandiko, vizimba na mipira ya kutafuna. Wengi hudhani nasuuza vyombo tu. Mimi nazuia minyoo na viroboto visitoke kwa mbwa huyu vikaingia kwa yule, wala visikufuateni nyumbani kwa watoto.

Kinyesi huokotwa kabla maji hayajagusa sakafu, maana ukikimwagia maji umekisambaza. Mkojo nao husuuzwa kabla ya klorini. Vikikutana hutoa hewa inayochoma macho na kubana kifua.

Saa mbili hadi saa nne, mabakuli: sabuni, brashi, suuza, dawa, subiri dakika kumi, suuza tena, anika.

Saa tano nikakuta kinyesi laini chenye ute kwenye kizimba cha mbwa mdogo aliyeletwa siku iliyotangulia. Daktari wa mifugo akakiangalia kwa darubini: giadia, kimelea kidogo sana cha utumbo kinachoharisha. Hapo siku ikabadilika. Mayai ya minyoo ya duara hukaa nje wiki mbili au zaidi kabla hayajaweza kuambukiza, lakini giadia hutoka na kinyesi ikiwa tayari. Nikatenga kila alichogusa. Nikasugua kizimba kona kwa kona, bawaba nikazipitisha mswaki. Mpira wake ulikuwa na ufa, na ndani ya ufa mna utando wa kijani unaoteleza. Huo haufai kuoshwa. Nikautupa.

Bado nimepiga magoti, mwenye mbwa akaingia. Alitaka blanketi.

"Dada, si ulimwagie dawa nyingi tu niondoke nalo?"

"Hapana, kaka. Klorini ikikuta uchafu, nguvu zinaisha. Lazima sabuni itangulie."

"Basi ongeza dawa."

Nikamweleza tena. Mayai ya minyoo yana ganda gumu linalonata, klorini haiyaui. Yang'olewe kwa kusugua, yauawe kwa maji yanayochemka au mvuke. Matandiko yafuliwe kwa maji ya nyuzi 60 au zaidi, halafu yakauke kabisa, kwa kuwa giadia huishi kwenye unyevu. Viroboto nao hudondosha mayai humo humo, na mbwa akimmeza kiroboto anaweza kupata tegu. Akanisikiliza akiangalia simu. Baada ya dakika kumi: "Limekauka?" Baada ya nyingine kumi: "Bado tu?" Nikamjibu kila mara, na kwa heshima, ingawa mgongo ulikuwa unawaka na vidole vimekunjamana ndani ya glavu. Nikimpa blanketi bichi, nitakuwa nimemrudishia mbwa ugonjwa ule ule. Mwisho akaondoka bila kuaga.

Sikumbuki nilikula saa ngapi. Nakumbuka tulimwogesha yule mbwa, hasa manyoya ya nyuma yanakoshika kinyesi, maana kumlaza mbwa mchafu kwenye kizimba safi ni kazi bure. Kisha matandiko ya wengine, mzigo juu ya mzigo.

Jua lilipoanza kushuka nikaenda kwenye kamba. Nikalishika blanketi katikati: kavu. Nikabana pindo kwa vidole, pale kitambaa kinapojikunja mara mbili. Bado bichi. Nikampigia mwenyewe kwamba aje kesho, nikaligeuza, nikalibana upya.