Zuhudi haihubiriwi kwa aliyeunguliwa

Volkano ya Nyiragongo ikitajwa mimbarini hapa Goma, mashariki mwa Kongo, hutba haichelewi kufika kwenye zuhudi: dunia ni mapito, basi tuipe mgongo. Sina ugomvi na maneno hayo, ila naona mara nyingi huelekezwa kwa wasiostahili kuambiwa. Aliyepoteza nyumba tarehe 17 Januari 2002, lava ilipopita katikati ya mji hadi Ziwa Kivu, hakuipa dunia mgongo. Dunia ndiyo iliyomkimbia, na alichohitaji ni mabati, si mawaidha.

Wanazuoni wa kale walilijua hilo. Sufyan al-Thawri, aliyefariki mwaka 778, alisema kwamba zuhudi ni kufupisha matumaini ya dunia, wala si kula chakula kikavu na kuvaa nguo za kukwaruza. Wengine waliitoa katika aya ya 23 ya Suratul Hadid, inayotutaka tusihuzunike kwa kilichotupita wala tusijivune kwa tulichopewa. Nusu ya kwanza tunaihubiri sana, hasa kwa maskini. Nusu ya pili, inayomgusa mwenye magorofa kando ya ziwa, tunaipita mbio (na mwenye magorofa, bila shaka, ndiye aliyenunua mazulia ya msikiti). Abdurrahman bin Auf, sahaba wa Mtume, alikuwa tajiri, naye ni miongoni mwa kumi waliobashiriwa Pepo. Na watu watatu walipoazimia, mmoja kuswali usiku kucha, wa pili kufunga kila siku, wa tatu kutooa kabisa, Mtume (s.a.w.) aliwakataza, kwa kuwa yeye mwenyewe alifunga na kufungua, akaswali na kulala, na akaoa.

Zuhudi niliyoiona kwa macho iko Birere, mtaa wa biashara hapa Goma, kwenye meza ya mama mmoja muuza vitenge. Adhana ya adhuhuri ikiita, huifunika bidhaa yake kwa turubai, hata kama mteja ameshashika kitambaa na kilichobaki ni kuafikiana tu, akamwambia: «Nisubiri kidogo, ndugu yangu, ama uende kwa jirani.» Jirani huuza. Yeye akirudi, huuliza kama mteja amepata rangi aliyoitaka, kisha hukunja turubai na kuendelea na kazi. Asidhaniwe kuwa hajui thamani ya pesa: faranga mia tano atazigombania mpaka jasho likutoke, mradi adhana haijaita.