Kibali cha skuli kimekwama: kabla hujabisha hodi Mahkama Kuu

Wengi wanaokimbilia mahkamani kwa sababu kibali cha kufungua skuli Zanzibar hakitoki huomba kitu ambacho jaji hana. Jaji hasajili skuli. Hiyo ni kazi ya Wizara ya Elimu na Mafunzo ya Amali. Anachoweza ni kuiamuru afisi itoe uamuzi: ikubali, au ikatae na iseme kwa nini. Amri hiyo mawakili huiita mandamasi.

Kwa hivyo kesi hii huanzia masjala ya Wizara, siku unapopeleka barua ya ombi. Nenda na nakala 2. Moja waachie, ya pili wagonge muhuri wa kupokelewa wenye tarehe, na aliyepokea aandike jina lake. Wino ukififia, mwombe agonge tena, usione haya. Ukiambiwa kwa simu "njoo wiki ijayo", andika barua siku hiyo hiyo, "Kufuatia mazungumzo yetu ya leo...", nayo igongwe muhuri.

Mwisho peleka barua ya kudai: "Tunaomba uamuzi kwa maandishi, pamoja na sababu zake, ndani ya siku 30." Bila hiyo, wakili wa Serikali atasimama na kusema hakuna aliyekataa kitu, faili linashughulikiwa. Na hapo kesi imeshalegea.

Lakini kabla ya kumlaumu mtu, likague faili lako mwenyewe. Ugonjwa mkubwa ni majina: hati ya ardhi ina jina la marehemu baba, ombi lina jina la jumuiya, ramani ya jengo ina jina la mwenyekiti. Ardhi ya Zanzibar ni ya umma. Ulichonacho ni haki ya matumizi, na haki hiyo inamfuata aliyeandikwa kwenye hati. Barua ya sheha haizibi pengo hilo.

Ukishajipanga, tafuta wakili. La kwanza kumuuliza ni notisi kwa Serikali na muda wake, yaani taarifa kwamba unakusudia kuishtaki, maana ombi zuri la mahkamani linaweza kutupwa kwa hilo tu. Katika kiapo, yaani maelezo ya maandishi unayoyaapia kuunga mkono ombi, weka tarehe na viambatanisho. Malalamiko yaache barazani. Walioko Pemba wana Mahkama Kuu Chake Chake, hakuna haja ya kupanda boti.

Tahadhari na nakala za maombi ya mahkamani kutoka Dar. Elimu ya skuli si jambo la Muungano, na ombi linalotaja Sura ya 310 limeandikwa kwa sheria ya Tanzania Bara. Kubadilisha jina la mahkama pale juu hakutoshi.

Wakati kesi inaendelea, usifungue madarasa wala usipokee ada. Ukifanya hivyo unaipa Wizara sababu ambayo haikuwa nayo.

Amri ikitoka, ipeleke kwa mkono na urudi na nakala yenye muhuri wa kupokelewa. Afisi ikijibu kwa kukataa, amri imeshatekelezwa. Kupinga sababu za kukataa ni ombi jingine, la kutengua uamuzi.