Tajiri na marumaru

Mbwa wetu Tajiri alizaliwa chini ya mkorosho, shambani kwetu Nanguruwe, na kwa miaka mitatu hakukanyaga kitu zaidi ya mchanga na majani makavu. Mwaka huu tukahamia Mtwara mjini, nyumba ya kupanga Shangani, marumaru nyeupe kuanzia kibarazani mpaka jikoni. Akafika mlangoni, akanyoosha mguu mmoja, akagusa, akaurudisha kama aliyekanyaga kaa la moto.

Ingekuwa jambo dogo, ila uani hakufikiki bila kupita ndani, na uani ndiko anakolala.

Siku ya pili nikamvuta kwa kamba. Naandika haya kwa aibu. Miguu yote minne ilitawanyika, tumbo likalala chini, akateleza hadi ukutani. Kwa siku tatu hakupanda hata kibarazani. Mama Zawadi akaniuliza, "Sasa baba, umemfundisha au umemthibitishia?"

Daktari wa mifugo alimkagua nyayo, hakuona jeraha. Alichoona ni kucha ndefu, maana mchanga haupunguzi kucha kama saruji, na manyoya yaliyojaa katikati ya vidole. Akanieleza kwamba mbwa akiogopa hukaza vidole achimbe kwa kucha, na kucha hazishiki kwenye marumaru; kinachoshika ni ile nyama laini ya nyayo. Halafu mbwa hutoka jasho nyayoni. Yaani kadiri anavyoogopa ndivyo anavyozidi kuteleza. Nikamwonea huruma upya.

Tukampunguza kucha na manyoya. Kisha nikakata jamvi kuukuu vipande, nikavipanga ukumbini kama mawe ya kuvukia mto. Kosa la pili: jamvi lenyewe linateleza. Kipande cha kwanza kiliondoka naye. Fundi baiskeli wa jirani akanipa tyubu mbovu, nikazipasua na kuzishona chini ya kila kipande, na hapo ndipo kazi ilipoanza kweli.

Dagaa mkavu mmoja kila kipande. Hakuna kamba wala kumwita; kumwita nako ni kumvuta, nimegundua. Zawadi alikaa sakafuni mwisho wa ukumbi akifanya hesabu zake za shule, bila kumwangalia. Jioni ya kwanza alivuka vipande viwili, akageuka akatoka. Tukamwacha aende zake. Jioni ya nne alimfikia Zawadi, akala dagaa na kifutio. Baada ya hapo nikawa naachanisha vipande, marumaru moja wazi, kisha mbili. Wiki ya tatu nilimkuta saa nane usiku jikoni, amesimama juu ya marumaru tupu, ananusa sufuria.

Nikajiona fundi. Jumapili nikampeleka kwenye kivuko cha Msangamkuu. Ile sakafu ya chuma, inayotetemeka injini ikiwaka, ikamrudisha mwanzo kabisa. Bahati nilikuwa na gunia tupu la korosho. Nikalitandika, akapanda hatua moja, nikalisogeza, akapanda nyingine. Watu nyuma yetu wanasubiri. Mama mmoja mwenye ndoo ya samaki akasema, "Mzee, umemtandikia bwana harusi?"

Akavuka. Ng'ambo alipoona mchanga alikimbia kama mwendawazimu.

Wakati wa kurudi gunia lilikuwa limeloa maji ya chumvi, akalinusa, akalikataa. Nilimbeba.