Lili Berky na filamu bubu za Kolozsvár

Kazi ya Lili Berky katika filamu ilianzia kwenye ratiba ya jumba la tamthilia. Alizaliwa Győr, Hungaria, mwaka 1886, akawa mwigizaji na mwimbaji wa jukwaani Kolozsvár, mji ambao leo ni Cluj-Napoca, Romania. Mkurugenzi wa jumba lile, Jenő Janovics, alikuwa na kikosi kizima cha waigizaji waliokosa kazi ya jukwaani majira ya joto. Akawatoa nje, mbele ya kamera. Ndipo Berky akaigiza katika Sárga csikó (1913), filamu iliyotengenezwa kwa ubia na kampuni ya Pathé ya Ufaransa.

Ya kutazama kwanza ni A tolonc, iliyopigwa mwaka 1914 na Mihály Kertész, yule aliyekuja kujulikana Hollywood kama Michael Curtiz. Berky ni Liszka, binti wa kijijini anayekwenda mjini kuwa mtumishi wa nyumbani, anasingiziwa wizi, kisha anarudishwa kwao chini ya ulinzi. Mama wa Liszka anaigizwa na Mari Jászai, malkia wa jukwaa la Hungaria, wakati huo akiwa na umri wa zaidi ya miaka 60.

Watazame wawili hao wakiwa pamoja. Jászai anaigizia mtu aliyekaa safu ya mwisho: mikono juu, kifua mbele, kila hisia imekamilika kwa umbo. Berky anapunguza. Huzuni yake iko shingoni na machoni, na kamera inaifikia. Kwangu mimi, hapo ndipo ufundi wa filamu unapoonekana ukiachana na jukwaa.

Usiwalaumu waigizaji kwa rangi ya nyuso zao. Mkanda wa filamu wa wakati ule haukuhisi mwanga mwekundu: midomo na mashavu mekundu hutoka meusi, macho ya buluu hupauka, anga huwa jeupe tupu.

Mwaka 1916 Berky aliigiza Fehér éjszakák ya mwongozaji Sándor Korda, baadaye Alexander Korda wa London. Filamu nyingi za Kolozsvár zimepotea. Mkanda wa nitrati, aina iliyotumika kupigia filamu zile, ukihifadhiwa kwenye joto na unyevu hutoa asidi inayoula wenyewe. Hunata, kisha huwa unga wa kahawia. A tolonc ilipatikana New York mwaka 2008, ikarekebishwa. Berky mwenyewe alirudi kwenye filamu za sauti, akicheza akina mama na mabibi. Alifariki mwaka 1958.

Ukipata nakala, kagua kasi kwanza. Kamera zilizozungushwa kwa mkono zilipiga takriban fremu (picha moja moja za mkanda) 16 kwa sekunde, na mita 300 za mkanda huchukua zaidi ya dakika 16. Zikiendeshwa kwa fremu 24, huisha kwa kama dakika 11, na Berky anaonekana akirukaruka. Kama mwendo wake wa kutembea si wa kawaida, punguza kasi ya kichezeshi hadi hatua zake zitulie.