Usiku wa Premlalwa

Mwishoni mwa Juni 2018 nilikuwa nikilinda geti la jengo lililokuwa likijengwa mjini Doha, zamu ya usiku, tangu saa kumi na mbili za jioni hadi saa kumi na mbili za asubuhi, pamoja na mwenzangu wa Nepal aliyenizidi umri kwa miaka kumi hivi. Nilimwita Dai, kwani ndivyo Wanepali wamwitavyo kaka mkubwa, naye akaniita Bhai, yaani mdogo wake. Tulizungumza lugha ile ya viraka ambayo wafanyakazi wa Ghuba huokota njiani, Kiingereza nusu, Kihindi robo na Kiarabu cha kupokelea amri, na kwa lugha hiyo nilisimuliwa riwaya ambayo sijaisahau hadi leo.

Usiku ule upepo wa shamali ulikuwa ukivuma, mkavu na wa moto, na vumbi la saruji lilikuwa limetujaa machoni. Nilimpa Dai pole, nikamwambia kwamba mtu aliyelelewa kwenye theluji bila shaka huteseka zaidi yetu sisi watu wa pwani. Alinitazama kwa mshangao, kisha akanieleza kwamba theluji ameiona kwa mbali tu, kwa sababu yeye ni mtu wa Nepalgunj, mji wa tambarare ya Tarai ulio karibu kabisa na mpaka wa India, ambako adhana na kengele za hekalu husikika katika mtaa mmoja na ambako wakati wa kiangazi huvuma upepo wa moto uitwao loo. Akaongeza, kwa fahari ambayo sikuwahi kuiona usoni mwake, kwamba mwandishi aliyekulia mjini kwao, Nayan Raj Pandey, ameandika riwaya nzima yenye jina la upepo huo, kuhusu watu wa kijiji cha mpakani. Ndipo akaingiza mkono katika mkoba wake wa chakula na kutoa kitabu kingine cha mwandishi huyohuyo, chembamba, chenye jalada lililofungwa kwa gundi ya karatasi. Kiliitwa Ulaar.

Neno hilo lilimpa taabu kulifasiri. Baada ya kujaribu mara mbili tatu aliinuka, akauendea mkokoteni wa magurudumu mawili uliokuwa kando ya rundo la mchanga, akaubebesha mifuko miwili ya saruji upande wa nyuma, na mara mikono ya mkokoteni ikapaa juu kama inayoomba dua. Hiyo ndiyo ulaar, akasema, pale mzigo unapolalia nyuma na gari kumnyanyua mnyama anayelivuta. Nilielewa papo hapo, na nadhani ningelielewa vibaya kama angekuwa na kamusi.

Kisha akaanza. Alisoma aya moja moja kwa Kinepali, kwa sauti, ili nisikie jinsi wahusika wanavyosema kwa lafudhi ya kwao, halafu akanieleza maana yake. Shujaa wa kitabu ni Premlalwa, dereva wa tanga, gari la abiria la kukokotwa na farasi, na farasi wake jike anaitwa Basanti. Ni wakati wa chaguzi zilizofuata vuguvugu la 1990, lililomlazimisha mfalme kurudisha vyama vingi, na maskini wa mji ule wanaambiwa kwamba sasa serikali ni yao. Katika shamrashamra za ushindi wa mwanasiasa mmoja, Basanti anauawa. Premlalwa anafunga safari kwenda Kathmandu, mwendo wa kilomita 500 hivi, kumtafuta mheshimiwa huyo ili adai fidia ya farasi wake.

Pandey ameandika pia miswada ya filamu, na Dai alishikilia kwamba riwaya zake zinaonyesha mkono huo, kwa sababu hakuna pahali anapotueleza kwamba Premlalwa ana huzuni. Anatuonyesha tu mtu, farasi na barabara, na sisi tunaona. Nami niliona. Ila niliyemwona hakuwa Premlalwa. Nilimwona Ami yangu wa Lamu, ndugu yake baba, ambaye maisha yake yote alibeba mchanga na mawe ya matumbawe kwa punda, shogi zikining'inia huku na huku, katika vichochoro ambamo gari haliwezi kupita. Nilipokuwa na miaka kumi na mmoja, ukuta wa nyumba iliyokuwa ikikarabatiwa ulimwangukia punda wake aliyeitwa Subira. Mwenye nyumba aliahidi kulipa. Ami alikwenda kwake mara nne, akiwa amevaa kanzu yake ya Ijumaa, na mara zote nne alirudi akiwa amenyweshwa chai. Mara ya mwisho nilifuatana naye. Nakumbuka jinsi alivyovua viatu mlangoni na kuvipanga kwa uangalifu, kana kwamba unadhifu wa viatu ungesaidia.

Kwa miaka mingi niliamini kwamba kisa kile kilikuwa kidogo mno, aibu ya ukoo isiyomhusu mtu mwingine. Haikunipitikia kwamba mtu wa Nepalgunj aliwahi kukaa chini, akalitazama jambo kama hilo kwa makini, akaliona linatosha kitabu kizima. Nilimwambia Dai habari za Subira kwa lugha yetu ile mbovu. Hakusema kitu. Alirudi nyuma kurasa kadhaa, akasoma upya pahali ambapo Basanti anakufa, polepole zaidi, na safari hii hakunifasiria.

Ijumaa nilimpigia Ami simu, nikamsimulia yote, tangu tanga hadi Kathmandu. Alisikiliza bila kunikatiza, jambo ambalo si kawaida yake. Nilipofika kwenye maana ya jina la kitabu alisema kwamba punda naye hufanyiwa hivyo na wapakiaji wasiojua kazi, mzigo ukalalia upande mmoja hadi mgongo ukachubuka.

Kisha akauliza, "Huyo bwana alilipwa?"

Nilimjibu kwamba hakulipwa.

Alinyamaza kwa muda mrefu hata nikadhani salio limekwisha. Hatimaye aliniomba nimtajie tena jina la farasi, nikamtajia, akalirudia mara mbili ili alishike vizuri: Basanti, Basanti.