Sauti za 1977

Jumapili, usiku.

Nimetazama filamu mbili za James Benning, mtengenezaji filamu wa Marekani, moja baada ya nyingine, na mawazo yangu yamebaki Milwaukee, mji wa huko Marekani ambao sijawahi kuukanyaga.

Ya kwanza, One Way Boogie Woogie, aliipiga mwaka 1977 kwenye maeneo ya viwanda ya mji huo, ambako ndiko alikozaliwa mwaka 1942. Shoti 60, kila moja dakika moja, kamera imetulia tuli. Bomba la moshi, ukuta, gari lililoegeshwa, mtu anapita na kutokomea. Benning alisomea hisabati kabla ya filamu, na hilo halijifichi: kila mstari umekaa kwa vipimo, na jina lenyewe linamkonyezea Mondrian, mchoraji wa mistari na miraba, na picha yake Broadway Boogie Woogie.

Ya pili ndiyo iliyoninyima usingizi. Baada ya miaka 27 alirudi, akazitafuta sehemu zilezile na watu walewale, akapiga tena shoti 60 za dakika moja moja. Sauti hakurekodi upya. Chini ya picha mpya aliziacha zile za 1977 kama zilivyokuwa.

Hapo ndipo mambo yalipoanza kunichanganya. Sikio linatambua kabla ya jicho. Nasikia kitu, najua nimeshakisikia, kisha nahangaika kutafuta kwenye picha kilikotoka, nacho hakipo. Jengo limeondoka, mlio wake umebaki. Aliyekuwa kijana amesimama palepale na mwili mwingine, huku kelele zinazomzunguka ni za ujana wake. Wengi wakitaka kutuonyesha kumbukumbu hutuletea picha za kale, mzee wa kusimulia, na fidla ya kutuliza. Benning hatuletei chochote katika hivyo. Kumbukumbu anaichota kwangu mimi mtazamaji, kwa kuwa saa moja iliyopita nilikuwa nimekaa hapahapa nikiitazama ya kwanza.

Filamu yake nyingine, 13 Lakes ya mwaka 2004, ndiyo inayosifiwa zaidi: maziwa 13 ya Marekani, dakika kumi kila moja, maji na anga basi. (Anayedai hajawahi kusinzia humo, mimi simwamini.) Ni nzuri, lakini historia imeachwa nje ya fremu. Mojawapo ya maziwa hayo, Salton Sea ya California, lilitokea mwaka 1905, mto Colorado ulipovunja mfereji wa umwagiliaji na kufurika bondeni. Usipokuwa na habari hiyo, utaona ziwa tu. Ile ya Milwaukee haikudai ujue lolote, mradi uwe umetazama na kusikiliza.

Lakini je, asiyeiona ya kwanza? Huenda kwake zikawa kelele tu zilizowekwa vibaya. Mdogo wangu hajaiona. Kesho nitamwekea ya pili peke yake, nisimwambie kitu, halafu nimuulize amesikia nini.