Filamu moja kila mwezi
Daktari wa Kichina niliyefanya naye kazi Mkoani, Pemba, hakuwa msemaji. Siku nilipomuuliza habari za utotoni mwake ndipo alipofunguka, na alichonihadithia ni sinema.

Kijijini kwao, mkoa wa Jiangsu, sinema ililetwa na watu waliokwenda kijiji hadi kijiji, mashine na mikebe ya filamu juu ya mkokoteni. Wachina walifika hadi kutengeneza filamu yao nyembamba, ya milimita 8.75, ili mzigo uwe mwepesi kuliko ule wa milimita 16. Pasipo umeme, mtu alikaa akakanyaga pedeli za jenereta mpaka mwisho.

Shuka hutundikwa kwenye uwanja wa kupuria mpunga. Tangu mchana watoto wameshapanga vigoda vya wazee wao. Waliochelewa hukaa nyuma ya shuka, wakawaona askari wote wanapiga bunduki kwa mkono wa kushoto. Hilo alinionesha kwa mikono yake, akacheka mpaka akavua miwani. Na vijiji viwili vikigawana nakala moja, kijana hupiga baiskeli usiku kuupeleka kule mkebe ulioisha huku. Akikawia, watu hukaa gizani wakazungumza. Dada yake mkubwa alipata mchumba katika kungojea huko.

Nikamwambia, kwetu Konde nasi tulilijua gari la sinema. Mikeka ilitandikwa mapema, na baada ya isha hakuna aliyebaki ndani. Bi mkubwa mmoja, jirani yetu, hakujua neno la Kihindi, lakini alitufasiria filamu nzima kwa sauti na tukaamini kila alichosema. Mpaka leo filamu ile siijui ila kwa maneno yake.

Mwaka 1998 China ilijiwekea lengo: kila kijiji, kila mwezi, filamu moja. Hapa kwetu Tamasha la Nchi za Jahazi, lile la filamu la Zanzibar (ZIFF), limekuwa likipeleka sinema mashamba, Unguja na Pemba, nami nalishukuru sana, ila hilo ni la mara moja kwa mwaka. Na kila mtu na simu yake barazani, huko si kuangalia pamoja. Mimi naitaka filamu ya kila mwezi katika shehia yetu, tena ya Kiswahili. Projekta ya skuli ipo, shuka ninalo. Sheha kakubali, ila kasema tungoje karafuu zikauke, maana uwanja wenyewe ndio huo zinapoanikwa.